Nyumba Yetu: Mbiu za Vyombo na Milango ya Ruta

Mama mmoja wa Nyakiriba, wilayani Rubavu, ametuandikia barua yenye maswali mawili ambayo kwa maoni yetu yanazihusu nyumba nyingi za askari na polisi. Ameomba jina lake lisitajwe, nasi tunaliheshimu ombi hilo. Mumewe yu kazini mbali na nyumbani. Yeye amebaki na watoto wanne, wapangaji wawili katika vyumba vya uani, na ruta moja yenye laini ya simu ndani yake. Walinunua televisheni ya kisasa ili masomo ya watoto yarushwe kutoka kwenye simu hadi kwenye kioo kikubwa, lakini simu ya mama haikuiona televisheni hiyo hata kidogo. Kijana wake mkubwa, mwanafunzi wa sekondari, akaibonyeza ruta kwa sindano mpaka ikarudi katika hali iliyotoka nayo kiwandani, kisha akauacha mtandao bila neno la siri “ili vyombo vionane”. Tangu siku hiyo televisheni inaonekana. Lakini kifurushi cha intaneti kilichokuwa kikitosha mwezi mzima sasa hakifiki siku ya kumi na tano. Kijana anadai kwamba vyombo vyenyewe ndivyo vinavyokila, kwa kupigiana kelele usiku na mchana. Amesoma kuwa kelele hizo huitwa multikasti, na sasa anataka kuzizima. Mama anauliza: je, ni kweli neno la siri huzuia vyombo kuonana? Na je, ni kelele hizo zimalizazo kifurushi?

Jibu ni la kwa swali la kwanza, na la kwa swali la pili. Hata hivyo tusimkaripie kijana. Ameshika jina sahihi la jambo lenyewe, ila amelitwika lawama isiyo yake. Yafaa basi tueleze kwanza kelele hizo ni kitu gani, kwani bila kuzielewa mtu huzima swichi isiyohusika na kuiacha wazi ile inayohusika.

Katika mtandao wa nyumbani ujumbe husafiri kwa namna tatu. Namna ya kwanza ni kama mtu aendaye kubisha hodi katika mlango mmoja: habari ni ya mwenye mlango huo, wala haimhusu jirani. Namna ya pili ni ya mpiga mbiu, kama wanavyoitwa wakazi wote kwenda kwenye umuganda wa Jumamosi ya mwisho wa mwezi. Kila mwenye masikio husikia. Namna ya tatu ipo katikati, nayo ndiyo multikasti. Mfano wake wa karibu ni ikimina. Mwandishi wa ikimina hana haja ya kubisha mlango wa kila mwanachama, wala hana sababu ya kuusumbua mtaa mzima. Hutoa habari mara moja tu, nayo huwafikia wale walioandikwa katika daftari. Hapa tutaiita mbiu ya kikundi.

Utaratibu huu haukuzuka jana. Uliandikwa rasmi mwezi Agosti 1989 katika waraka wa Steve Deering wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, na anwani zake zilitengwa mbali na anwani za kawaida: ni zile ambazo tarakimu zake za mwanzo ni kuanzia 224 hadi 239. Chombo kinachotaka kuingia kikundini hujiandikisha kwa lugha fupi iitwayo IGMP. Mtunza daftari, ambaye aghalabu ni ruta yenyewe, huuliza kila baada ya sekunde 125 hivi kama wanachama wangalipo. Asiyejibu hufutwa zikipita sekunde 260. Msomaji azikumbuke hizo sekunde 260, maana tutazihitaji hapa chini.

Televisheni, mashine za kuchapia na spika za kisasa hutumia vikundi viwili hasa. Kimoja kina anwani 224.0.0.251, na humo chombo hujitangaza kwa jina lake: mimi ni televisheni ya sebuleni, napokea picha. Cha pili ni 239.255.255.250, ambamo chombo huuliza: nani humu awezaye kucheza filamu, na ruta ya nyumba hii ni ipi? Simu ya mama inapoitafuta televisheni hupiga mbiu katika vikundi hivyo na kungoja jibu. Jibu likija, alama ya televisheni hutokea kwenye kioo cha simu. Lisipokuja, hapatokei kitu, hata kama vyombo vyote viwili viko juu ya meza moja.

Sasa kuhusu kifurushi. Mbiu za 224.0.0 zimeamriwa tangu mwanzo zisivushwe na ruta yoyote, na zile za 239 ruta ya nyumbani huziacha ndani isipokuwa imeamriwa vingine. Kampuni ya simu huhesabu kile tu kinachopita kwenye laini, yaani kinachotoka nje na kinachoingia kutoka nje. Vyombo vikipigiana mbiu sebuleni mwaka mzima, hesabu ya kifurushi haiongezeki hata chembe. Kilichokimaliza kifurushi cha Nyakiriba ni mtandao ulioachwa wazi. Wapangaji wana simu, wageni wa wapangaji wana simu, na vijana wakaao ukutani jioni wana simu. Filamu moja ya saa mbili katika picha safi huweza kula zaidi ya gigabaiti 4, na masasisho ya programu hujivuta yenyewe mara simu inapokuta Wi-Fi. Ruta karibu zote zina ukurasa wenye orodha ya vyombo vilivyoungwa. Mama aifungue orodha hiyo saa mbili usiku ahesabu. Akikuta vyombo 17 ilhali vya nyumbani mwake ni 6, hatahitaji maelezo zaidi kutoka kwetu.

Lakini tumesema kijana hakukosea yote. Kelele hizo hazili fedha, ila hula hewa. Ruta inapozungumza na simu moja, hupima nguvu ya mawimbi na kuongea upesi kadiri simu iwezavyo kusikia, na simu hujibu kwamba imepokea. Katika mbiu ya kikundi hakuna anayejibu, wala ruta haijui nani yuko karibu na nani yuko chumba cha mwisho. Kwa hiyo huongea polepole kabisa ili hata aliye mbali asikie. Katika ruta nyingi za masafa ya gigahezi 2.4 mwendo huo huwa megabiti 1 kwa sekunde. Ujumbe mmoja wa baiti 1,500 huchukua milisekunde 12 kupita, na kwa mwendo wa megabiti 54 ungepita kwa robo ya milisekunde moja tu, au pungufu. Ni kama baiskeli iliyosheheni magunia ya viazi inapopanda daraja jembamba: mzigo ni halali na mwenyewe ana haki ya njia, lakini pikipiki na magari yote yaliyo nyuma yake hungoja. Isitoshe, kila mbiu huziamsha simu zilizolala, na betri huisha mapema kidogo.

Katika nyumba yenye vyombo 10 au 15 hasara hiyo haionekani, na hatuoni sababu ya mtu kuhangaika nayo. Mahali inapoonekana ni bwenini, katika vyumba vya maafisa wasio na familia, au katika kantini ambamo simu 80 zimeng’ang’ania ruta moja. Hapo yafaa msimamizi apandishe mwendo wa mbiu za kikundi hadi megabiti 6 au 12, kama ruta yake ina amri hiyo, akijua kwamba aliye pembeni kabisa huenda asisikie tena. Ruta nyingine zina amri ya kuigeuza mbiu ya kikundi kuwa ubishaji wa mlango mmoja mmoja kwa kila mwanachama; ikiwapo, iwashwe, maana huongeza mwendo bila kumnyima mtu. Kuzizima mbiu kabisa, kama anavyotaka kijana, ni kuifanya televisheni isionekane tena, na mashine ya kuchapia nayo ikapotea. Atakuwa amerudi pale pale alipoanzia, safari hii bila neno la siri.

Basi kwa nini simu haikuiona televisheni tangu mwanzo? Barua ya mama ina neno moja linalofichua jambo. Anasema kwamba fundi aliyewawekea ruta aliipa nyumba majina mawili ya mtandao, moja la wenyeji na moja la wageni, na kwamba yeye mwenyewe alikuwa akitumia lile la wageni “kwa kuwa neno lake lilikuwa fupi”. Hapo ndipo ulipo ugonjwa wote. Mtandao wa wageni huumbwa makusudi ili aliye ndani yake apate intaneti lakini asisikie mbiu za nyumba, wala mgeni mmoja asimwone mgeni mwingine. Televisheni ilikuwa sebuleni pamoja na wenyeji, na simu ya mama ilikuwa barazani pamoja na wageni. Ruta ilifanya kazi yake kwa uaminifu. Kijana alipoirudisha katika hali ya kiwandani aliufuta ule mtandao wa wageni, vyombo vyote vikajikuta chumba kimoja, vikaonana. Kuondolewa kwa neno la siri hakukusaidia chochote.

Yapo mambo mengine yaletayo ugonjwa wa namna hiyo. Baadhi ya ruta zina amri ya kutenganisha vyombo hata katika mtandao wa wenyeji. Ikiwa imewashwa, televisheni haitaonekana milele. Simu za iPhone, tangu mwaka 2020, humwomba mwenyewe ruhusa kwa kila programu inayotaka kutazama vyombo vya mtandao wa ndani, na watu wengi kwa haraka hubonyeza kukataa. Programu ya kurusha picha yafaa ikubaliwe; mchezo wa mtoto unaoomba ruhusa hiyo hiyo ukataliwe, kwani hatuoni mchezo wa kulinganisha peremende una shughuli gani na mashine ya kuchapia ya baba.

Sababu nyingine tunayoiona mara nyingi ni ruta ya pili. Mtu hukuta mawimbi hayafiki jikoni, huenda sokoni akanunua ruta nyingine, akaichomeka kwenye ya kwanza. Ruta hiyo ya pili huanzisha nyumba yake yenyewe ndani ya nyumba, na kama tulivyosema mbiu hazivuki ruta. Aliye jikoni haioni televisheni ya sebuleni. Dawa yake ni kuiamuru ruta ya pili iache kazi ya uruta na ibaki kurusha mawimbi tu; amri hiyo imo katika nyingi zilizotengenezwa miaka ya karibuni.

Kisha kuna hizo herufi IGMP. Kurasa za ruta aghalabu huandikwa kwa Kiingereza au Kifaransa, hivyo tutafute herufi zenyewe. Zikifuatwa na neno lianzalo kwa S, hiyo ni amri ya kuiambia ruta isikilize nani amejiandikisha na impelekee yeye tu, isiwamwagie wote. Iwashwe. Zikifuatwa na neno lianzalo kwa P, huo ni uwakala: ruta huchukua mbiu za kikundi kutoka kwa kampuni na kuziingiza ndani. Unazifaa nyumba zinazopelekewa vituo vya televisheni na kampuni kwa njia ya waya wa intaneti. Mwenye dishi juu ya paa hana kazi nao, uzimwe. Na ikitokea kwamba televisheni inaonekana vizuri, kisha baada ya dakika nne na ushei inatoweka mpaka iwashwe upya, hizo ndizo sekunde 260. Maana yake pana kisanduku cha kugawanya waya kinachotunza daftari la wanachama, lakini hakuna anayeuliza kama wangalipo, hivyo wote hufutwa kwa wakati mmoja. Ama ruta iamriwe kuuliza, ama utunzaji wa daftari uzimwe katika kile kisanduku.

Tumeonana na vyombo vya ndani. Sasa tuitazame milango ya nje. Hapa ndipo tunapowaomba wenzetu wa vyombo vya ulinzi wasome polepole.

Mtandao wa Nyakiriba urudishiwe neno la siri leo hii, si kesho. Kinga ichaguliwe kuwa WPA3, au WPA2 na WPA3 kwa pamoja ikiwa zipo simu za zamani. Ile ya kale iitwayo WEP ilikwisha kuvunjwa tangu mwaka 2001 na haifai hata kwa banda la kuku. Neno la siri laweza kuwa na herufi kuanzia 8 hadi 63. Watu wengi nchini hutumia namba zao za simu, na ubaya wake ni huu: anayejua kwamba neno ni namba inayoanzia 078 amebakiwa na tarakimu 7 tu za kubahatisha, yaani uwezekano milioni 10. Hahitaji kusimama mlangoni akijaribu moja moja. Katika WPA2 hunasa salamu inayopita simu yako inapojiunga na ruta, huenda nayo kwake, na kompyuta yenye kadi nzuri ya michoro huzimaliza milioni hizo 10 kwa dakika chache. Maneno manne au matano yasiyohusiana, mengine ya Kinyarwanda na mengine ya Kiswahili, yakiunganishwa bila nafasi, humshinda mtu huyo, na watoto huyakumbuka kwa urahisi.

Wapangaji nao wasinyimwe, maana ujirani una haki yake. Wapewe mtandao wa wageni wenye neno lake lenyewe, na kama ruta ina kipimo cha mwendo au cha gigabaiti, kiwekwe mapatano yakiwa wazi kati ya mama na wapangaji wake. Wasipewe neno la wenyeji. Katika WPA2 ajuaye neno hilo na akanasa salamu ya simu yako anaweza kuyafungua mazungumzo ya simu hiyo na ruta. Kurasa nyingi za leo zina ulinzi wao juu ya huo, lakini si kila chombo cha nyumbani kina ulinzi wa namna hiyo. Lipo na jambo la sheria. Sheria Na. 60/2018 ya tarehe 22 Agosti 2018 inaadhibu makosa ya mtandao, ikiwa ni pamoja na kuingia katika mfumo wa mtu bila idhini. Mtu akitumia mtandao wako ulio wazi kumtapeli mwingine, anwani itakayoonekana huko nje ni ya laini yako. Askari polisi wanaosoma ukurasa huu wanajua ni mlango upi utakaobishwa kwanza.

Kitufe cha WPS kizimwe. Kilibuniwa ili kuwarahisishia watu kujiunga kwa tarakimu 8, na tarakimu 8 zingepaswa kuleta uwezekano milioni nyingi. Lakini mwezi Desemba 2011 Stefan Viehböck alionyesha kwamba ruta huzikagua nusu kwa nusu, na tarakimu ya mwisho hutokana na hesabu ya zile zilizotangulia, hivyo majaribio 11,000 yanatosha. Hiyo ni kazi ya saa chache tu.

Ruta pia ina neno la siri la pili, lile la msimamizi, la kuingilia katika mipangilio yenyewe. Kwa kuwa kijana aliirudisha ruta katika hali ya kiwandani, neno hilo nalo limerudi lile lililobandikwa chini yake, au baya zaidi, lile ambalo kila ruta ya aina hiyo duniani hulitumia. Libadilishwe. Uwezo wa kuisimamia ruta kutoka nje ya nyumba uzimwe, isipokuwa kampuni ya intaneti imeuhitaji kwa maandishi.

Sasa tufike kwenye UPnP, ambayo ndiyo hasa inayoziunganisha mbiu za ndani na hatari ya nje. Tulisema kwamba katika kikundi cha 239.255.255.250 chombo huuliza, ruta ni ipi? Kikishaijua, chaweza kuiambia: nifungulie mlango fulani wa nje ili watu wa nje wanifikie. Na ruta hufungua. Haimuulizi mama, haiulizi neno la siri, wala haiandiki barua. Michezo ya kompyuta huutumia mwanya huo kwa nia njema, na kamera za bei rahisi huutumia bila mwenye nyumba kujua. Mwezi Januari 2013 watafiti wa Rapid7 walitangaza kwamba walipobisha katika intaneti nzima, anwani zaidi ya milioni 80 ziliitikia mbiu hii kutoka nje, mahali ambapo haikupaswa kusikika kabisa. Ni kweli kwamba kampuni nyingi za laini za simu huwaweka wateja wengi nyuma ya anwani moja, kwa hiyo mlango uliofunguliwa na ruta huenda usifikike. Lakini hiyo ni bahati ya mpangilio wa kampuni, na huweza kubadilika siku mteja anapohamia kwenye waya au dishi la intaneti. Uzimaji wa UPnP hauizuii simu kuiona televisheni, maana mbiu za televisheni haziihitaji ruta kufungua mlango wowote. Mtoto akilalamika kwamba mchezo wake umekatika, mlango wa mchezo huo mmoja ufunguliwe kwa mkono.

Wenye kamera getini tunawakumbusha yaliyotokea mwaka 2016. Programu ovu iitwayo Mirai ilizunguka ulimwenguni ikijaribu majina na maneno ya siri ya kiwandani, orodha ya jozi zisizozidi 70, ikazikamata kamera na ruta kwa malaki. Tarehe 21 Oktoba mwaka huo vyombo hivyo vilielekezwa kwa pamoja dhidi ya kampuni ya Dyn ya Marekani, na kurasa kubwa kama Twitter na Netflix hazikufikika kwa saa kadhaa katika sehemu nyingi za dunia. Vijana watatu waliokiri kuitunga Mirai hawakuvunja kufuli lolote. Waliingia palipokuwa wazi. Kamera ibadilishwe neno lake siku ile ile inapotolewa katika boksi, na iwekwe katika mtandao wa wageni: itaendelea kumwonyesha mwenye nyumba picha kupitia intaneti, lakini haitaweza kuzisikiliza simu na kompyuta za familia. Ielekezwe kwenye geti lako, si kwenye dirisha la jirani.

Limebaki jambo ambalo kwa familia za askari tunaliona kubwa kuliko yote, nalo ni majina. Tulisema kwamba katika 224.0.0.251 chombo hujitangaza kwa jina lake. Jina hilo ni lile aliloliandika mwenyewe siku ya kwanza, na mara nyingi huwa ni cheo pamoja na jina la mtu. Fikiria afande aliyeiita kompyuta yake kwa cheo chake, jina lake la ukoo na namba ya kikosi, kisha akaketi katika hoteli ya kando ya Ziwa Kivu na kujiunga na Wi-Fi ya bure. Palipo na mtandao usiowatenganisha wateja, kompyuta hiyo humtangazia kila aliyeketi hapo kwamba fulani wa kikosi fulani yupo. Hakuna udukuzi wowote. Ni mbiu ya kawaida. Jina la mtandao wa Wi-Fi ni wazi zaidi, kwani husikika hata barabarani na mtu asiyejiunga. Tumeona katika matembezi yetu mitandao iliyopewa jina la cheo cha baba, na mingine ya namba ya nyumba. Simu iitwe Simu ya 2. Mtandao uitwe kwa jina la mti au la ndege.

Atakayedhani tunatia chumvi akumbuke ramani ya Strava. Kampuni hiyo ya programu ya wakimbiaji ilitoa mwezi Novemba 2017 ramani ya njia za watumiaji wake wote, bila majina. Mwezi Januari 2018 mwanafunzi mmoja wa Australia, Nathan Ruser, aligundua kwamba mazoezi ya asubuhi ya askari wa mataifa kadhaa yalikuwa yamechora vituo vyao jangwani, pamoja na njia za doria. Hakuna aliyesaliti, kila mmoja alikuwa akihesabu kilometa zake tu.

Wengine hudhani dawa ni kulificha jina la mtandao. Hatuwashauri. Ruta ikinyamaza, simu na kompyuta zilizozoea mtandao huo hulazimika kuuita kwa jina popote ziendapo, sokoni, kwenye basi la Musanze, hata mpakani. Mbiu iliyokuwa ikitoka kwenye nyumba moja huanza kutoka mfukoni mwa kila mwanafamilia.

Na kwa kuwa uhamisho ni sehemu ya kazi: siku mzigo unapofungwa, ile sindano aliyoitumia kijana ndiyo itumike. Kamera, televisheni na ruta zinazoachwa, kuuzwa au kugawiwa zirudishwe katika hali ya kiwandani kabla ya kukabidhiwa, maana ndani yake limo neno la siri la nyumba, na mara nyingi akaunti ya mtoto ingali wazi kwenye televisheni. Ruta inayokwenda na familia ipewe jina jipya na neno jipya huko iendako, na simu zote ziamriwe kuusahau mtandao wa zamani.

Wanaotaka kutuandikia kuhusu ruta zao watutajie aina yake iliyoandikwa chini na idadi ya vyombo vya nyumbani. Neno la siri wasitutumie. Juma hili tumelipokea mara mbili.